Koitalel arap Samoei na nyoka wa chuma

Tarehe 19 mwezi wa kumi mwaka wa 1905, mtu mwenye umri wa miaka 45 hivi alienda kwenye kilima cha Ket Parak, katika inchi ya Wanandi, magharibi mwa Kenya ya leo. Alikuwa ameitwa kuzungumza amani na afisa wa jeshi la Waingereza. Jina lake Koitalel arap Samoei. Kwa miaka kumi watu wake walikuwa wamepiga vita juu ya ardhi yao na juu ya njia ya gari la moshi iliyopitishwa pale bila wao kuulizwa. Ile siku hakurudi nyumbani.

Zaidi ya miaka mia moja imepita. Lakini habari ya Koitalel bado inawagusa wakaaji wa Fizi, Baraka, Uvira, Kalemie na hata Ituri, sababu swali lililoleta kifo chake halijaisha. Kama watu wa mbali wanataka kupitisha reli, barabara ao bomba la petroli kwenye ardhi ya wazee na kando ya maji ya kunywa, nani anaulizwa kwanza?

Mwana wa mwonaji

Wanandi ni moja kati ya makabila ya Wakalenjin. Wanaishi kwenye milima ya kijani yenye mvua nyingi, upande wa kaskazini-mashariki ya mji wa Kisumu na Ziwa Victoria. Wakati ule utajiri wao ulikuwa ng'ombe, na pamoja na ng'ombe walilima ulezi. Hawakuwa na mfalme. Kila sehemu ilikuwa na baraza lake la wazee, na vijana walipangwa kwa rika, kila rika na kazi yake, hasa kazi ya kulinda inchi.

Pembeni ya mabaraza hayo kulikuwa na mtu mmoja aliyeitwa Orkoiyot, wa ukoo wa Talai. Mtu wa Kivu asimfikirie kama mwami mwenye kupokea kodi na kukata kesi. Orkoiyot alikuwa mwonaji. Watu walimwendea juu ya mvua na juu ya mavuno, na vijana hawakutoka kwenda vitani bila baraka yake. Alikuwa na wajumbe wake katika kila sehemu, na kwa njia yao neno lilitembea haraka kutoka kilima hadi kilima. Watu walimheshimu, na walimwogopa pia.

Koitalel alizaliwa karibu mwaka wa 1860. Baba yake, Kimnyole arap Turukat, ndiye aliyekuwa Orkoiyot. Masimulizi ya Wanandi yanasema kama Kimnyole aliona mambo mbele ya wakati. Aliona watu weupe wakija kutawala. Aliona tena nyoka wa chuma, mwenye kutema moto na moshi, akitoka kwenye maji ya mashariki, akipita katika inchi yao, na kwenda kuzima kiu yake kwenye maji ya magharibi. Yaani kutoka Bahari ya Hindi mpaka Ziwa Victoria.

Kimnyole mwenyewe hakufikia kumwona huyo nyoka. Miaka ile ilikuwa mibaya. Sotoka iliua ng'ombe, njaa ikaingia, na vijana wengi walikufa katika shambulio moja ambalo yeye alikuwa amelibariki. Lawama yote ikamwangukia. Mwaka wa 1890 watu wake wenyewe walimpiga kwa marungu mpaka akafa. Wazee wa Wanandi hawalifichi jambo hilo, na wengi wanahesabu mateso yaliyofuata kuanzia pale.

Kifo kile kiliacha ugomvi ndani ya familia. Wana wawili wa marehemu waligombania nafasi yake: Koitalel na ndugu yake Kipchomber arap Koilegen. Kila mmoja alikuwa na watu nyuma yake. Mwisho, mwaka wa 1895, Koitalel ndiye aliyeshinda, na Kipchomber akakimbilia kwa majirani zao Wakipsigis, ambako alikuwa Orkoiyot wao wa kwanza. Kwa hiyo Koitalel alianza kazi na nyumba iliyopasuka, na baba aliyeuawa na wale wale ambao sasa walimtazama yeye awaongoze. Na wageni walikuwa tayari mlangoni.

Chuma kinaingia

Ule mwaka wa 1895, mfanyabiashara Mwingereza aliyeitwa Peter West aliingia katika inchi ya Wanandi na akauawa pamoja na watu wake. Waingereza wakatuma askari kulipiza kisasi. Ile ilikuwa safari ya kwanza ya jeshi. Zilifuata zingine mwaka wa 1897, 1900, 1903 na 1905. Ukihesabu, ni safari tano za jeshi katika miaka kumi, juu ya kabila moja ambalo halikuwa kubwa.

Kilichowafanya Waingereza wasichoke ni reli. Walitaka kufika haraka Uganda na kwenye chanzo cha mto Nile, na kwa hiyo mwaka wa 1896 walianza kujenga njia ya gari la moshi kutoka Mombasa. Walileta wafanyakazi zaidi ya 30,000 kutoka India. Karibu 2,500 kati yao walikufa kwa magonjwa, ajali na wanyama wa pori. Reli ilifika Nairobi mwaka wa 1899, na mwisho wa mwaka wa 1901 ikafika ziwani, pale Kisumu. Kilometa 930 hivi za chuma, kutoka maji mpaka maji, kama vile Kimnyole alivyokuwa amesema.

Sehemu ya mwisho ya njia hiyo ilipita upande wa kusini wa inchi ya Wanandi, kwenye bonde la Nyando, kupitia Muhoroni na Kibigori. Hakuna aliyekwenda kwenye mabaraza ya wazee kuuliza njia ipite wapi, ng'ombe watavukia wapi, ao watu watapata nini. Mstari ulichorwa kwenye karatasi, kisha wafanyakazi wakafika na mataruma na nyundo.

Koitalel hakuwa mtu wa kushika mkuki mbele ya wengine. Nguvu yake ilikuwa kuwaunganisha watu. Kwa wajumbe wake alifanya sehemu mbalimbali za Wanandi zitembee kwa neno moja, jambo ambalo Waingereza hawakulizoea kwa watu wasio na mfalme. Vijana walipiga usiku, wakarudi msituni, wakapanda milimani ambako askari wenye mizigo mizito walishindwa kuwafuata. Walikata waya za telegrafu na kuzifanya bangili na mapambo ya shingo. Waling'oa misumari na vyuma vya reli, na wafua vyuma wakavigeuza silaha. Waingereza waliuita wizi. Lakini kwa watu waliokuta chuma kimepandwa kwenye malisho yao bila ruhusa, neno hilo lilikuwa na maana nyingine.

Hapa lazima ukweli usemwe wote. Vijana wa Nandi walikuwa na desturi ya kuvamia majirani zao, Waluo na Waluhya, na kuchukua ng'ombe. Na wengi waliouawa kwenye reli hawakuwa wakubwa wa Kiingereza. Walikuwa vibarua kutoka India na wapagazi Waafrika waliokuwa wanatafuta mkate wao. Ndiyo maana Waingereza hawakukosa Waafrika wengine wa kuwasaidia. Wamasai walitembea pamoja na majeshi yao, wakapewa sehemu ya ng'ombe zilizotekwa. Mtu anayetaka kujua kwa nini Wanandi walibaki peke yao, jibu moja liko pale.

Kila safari ya jeshi ilifanana na ile iliyotangulia. Askari walichoma nyumba, wakachukua ng'ombe, wakadai faini. Kisha amani ilifanywa. Baada ya muda, waya zilikatwa tena. Mwaka wa 1902 Waingereza walibadilisha hata mipaka, wakaiondoa inchi ya Wanandi kutoka Uganda na kuiweka chini ya utawala wa Kenya ya leo. Wanandi walibadilishiwa serkali wakiwa wamelala nyumbani kwao.

Siku ya Ket Parak

Mwaka wa 1905 Waingereza waliamua kumaliza kazi. Mpango wao haukuwa tu kuwapiga Wanandi. Walitaka kuwasukuma mbali na reli kabisa, ili ile ardhi nzuri ya pembeni yake ibaki wazi. Jeshi kubwa lilikuwa linatayarishwa.

Kapteni mmoja wa jeshi la King's African Rifles, Richard Meinertzhagen, aliyekuwa na miaka 27, aliona njia fupi. Alikuwa amekaa kwenye kambi ya Nandi na alielewa kama kamba iliyowafunga wale watu pamoja ilikuwa Koitalel. Kamba ikikatwa, mzigo utaanguka. Alituma neno la kukutana na kuzungumza amani. Ilipatanwa kila upande uje na watu wachache.

Koitalel alifika na wazee na walinzi wake. Meinertzhagen alifika na askari wachache wakionekana, lakini wengine wengi, wenye silaha tayari, alikuwa amewaficha karibu. Mazungumzo hayakufanyika. Koitalel alipigwa risasi kwa karibu sana, na pamoja naye walianguka zaidi ya watu 20 wa upande wake, ndani yao wakubwa waliokuwa nguzo za Wanandi.

Kuhusu namna ilivyoanza, kuko masimulizi mawili. Wanandi wanasema Koitalel aliuawa wakati wa kunyoosha mkono kusalimia. Meinertzhagen alidai kama yeye ndiye aliyetegewa mtego, na kwamba alijitetea. Wakubwa wa jeshi walifanya uchunguzi mara tatu, wakasema hana kosa. Hata hivyo mwaka wa 1906 aliondolewa katika koloni lile, sababu jina lake lilikuwa limeharibika hata kati ya Waingereza. Miaka mingi baada ya kifo chake, mwaka wa 1967, wataalamu wa ndege waligundua kama alikuwa ameiba ndege waliokaushwa kutoka majumba ya makumbusho, na kuandika uongo juu ya mahali walipopatikana. Watu waliochunguza vitabu vyake vya kumbukumbu wamekuta mambo mengi ya kubuni. Huyo ndiye shahidi mkubwa wa upande wa Waingereza.

Masimulizi ya Wanandi yanaongeza kama kichwa cha Koitalel kilikatwa na kupelekwa Uingereza. Mpaka leo watu wake wanakidai kirudi kizikwe.

Kilichokuwa nyuma ya mazungumzo

Kama vita ingekuwa ya mtu mmoja, ingeisha pale kilimani. Lakini jeshi lililokuwa limetayarishwa liliingia hata hivyo. Mpaka mwanzo wa mwaka wa 1906 lilikuwa limeua zaidi ya Wanandi 1,000, na kuchukua ng'ombe zaidi ya 10,000, pamoja na mbuzi na kondoo wengi zaidi. Watu waliokaa karibu na reli walihamishwa kwa nguvu, wakafungiwa katika eneo dogo upande wa kaskazini. Ardhi waliyoiacha walipewa wazungu wa kulima.

Hapo ndipo sababu ya kweli ilionekana wazi. Waya na vyuma vilikuwa neno la mdomoni. Ardhi ndiyo iliyotakiwa. Baada ya vita ya kwanza ya dunia, karibu mwaka wa 1920, serkali ya koloni ilikata tena kipande kingine ndani ya lile eneo dogo walilokuwa wameahidiwa, ikawapa askari wazungu waliorudi kutoka vitani. Milima ya Nandi ikajaa mashamba ya chai. Karatasi za mashamba ya wazungu katika Kenya ya wakati ule ziliandikwa kwa miaka 999. Ilifaa kungoja katiba mpya ya Kenya ya mwaka wa 2010 ili muda huo ukatwe kuwa miaka 99 kwa wenye mashamba wasio raia.

Ukoo wa Koitalel nao haukuachwa. Mtoto wake, Barsirian arap Manyei, alishikwa mwaka wa 1923, wakati Wanandi walikuwa wanatayarisha sherehe kubwa ya kupokezana rika, na serkali iliogopa kama vita itaanza tena. Alikaa kizuizini mpaka mwaka wa 1964, baada ya Kenya kupata uhuru. Miaka 40 na zaidi, bila kurudi kwao kama mtu huru. Mwaka wa 1934 familia za Talai waliokuwa kwa Wakipsigis zilihamishwa zote, wazee na watoto, mpaka Gwassi, mahali pa joto na magonjwa kando ya Ziwa Victoria.

Mwaka wa 2006 fimbo tatu za uongozi za Koitalel, zilizokuwa zimebaki Uingereza katika familia ya Meinertzhagen, zilirudishwa Kenya. Sasa kuko jengo la kumbukumbu yake katika mji wa Nandi Hills, katikati ya mashamba ya chai. Shule ya juu pia inaitwa kwa jina lake. Fimbo zimerudi, lakini sehemu kubwa ya ardhi bado haijarudi.

Nyoka mwingine, mbali na karibu

Kuna watu wengine, upande wa pili wa dunia, wenye habari inayofanana sana na hii. Walakota ni wenyeji wa asili wa Marekani. Kiongozi wao Sitting Bull, ambaye naye alikuwa mtu wa maono kama Orkoiyot, aliwapinga wapimaji wa reli waliopita katika ardhi yake miaka ya 1872 na 1873. Aliuawa na polisi kwenye eneo la Standing Rock mwezi wa kumi na mbili wa mwaka wa 1890, ule ule mwaka aliouawa Kimnyole.

Walakota nao wana maneno ya wazee juu ya nyoka, na nyoka wao ni mweusi. Mwaka wa 2016, wakati kampuni ilitaka kupitisha bomba la petroli la kilometa 1,886 chini ya mto Missouri, karibu na Standing Rock, walisema nyoka ndiye huyo. Mto ule ndio wanaokunywa. Maelfu ya watu kutoka makabila mengi walikuja kupiga kambi pale, bila bunduki, kwenye baridi kali. Mwezi wa kumi na mbili serkali ilisimamisha kazi. Mwezi uliofuata raisi mpya aliingia, akaamuru kazi iendelee. Katikati ya mwaka wa 2017 petroli ilianza kupita. Lakini kesi ziliendelea mahakamani, na dunia nzima ilijua jina la Standing Rock.

Karibu zaidi na Kongo, kuko bomba linalotoka Hoima, Uganda, mpaka bandari ya Tanga, Tanzania. Urefu wake kilometa 1,443. Petroli yake inatoka kando ya Ziwa Albert, lile lile ambalo wavuvi wa Ituri wanalivua kutoka upande wao. Na mwaka wa 2022 serkali ya Kinshasa iliweka sokoni maeneo 27 ya kutafuta petroli, na mengi kati yake yalikuwa upande wa Ziwa Tanganyika. Mwaka wa 2024 soko hilo lilifutwa. Petroli yenyewe, kama iko, bado iko chini.

Mama anayechota maji asubuhi pale Baraka, na mvuvi anayerudi na ndagala, hawakuulizwa kitu mwaka wa 2022, na hawakuulizwa kitu wakati wa kufuta. Ziwa ni la inchi nne: Kongo, Burundi, Tanzania na Zambia. Maji yakiharibika Kalemie, Fizi itaonja, na Kigoma pia.

Maisha ya Koitalel hayamwambii mtu achukue mkuki. Yanaonyesha mambo matatu ambayo wazee wa Nandi wanayajua kwa maumivu. Watu waliogombana na majirani zao walipigwa wakiwa peke yao. Mazungumzo yaliyofanywa kilimani, bila mashahidi wa nje na bila karatasi, yalikuwa kaburi. Tena, reli ilipofika Kisumu ilikuwa imechelewa kuuliza itapita wapi. Katika sekta nne za Fizi, Ngandja, Mutambala, Tanganyika na Lulenge, bado hakuna bomba lolote lililolazwa. Ule muda ambao Koitalel hakuupata, kwa leo bado uko.